Jordan Peele ananitisha kwa kijiko cha chai

Mhariri, wiki hii mmeuliza ni mwandishi na mwongozaji gani wa filamu za kutisha anayeisumbua akili ya mtazamaji kuliko macho yake. Jibu langu ni Jordan Peele wa Marekani, na ushahidi wangu mkubwa ni filamu yake ya kwanza kuiongoza, Get Out ya mwaka 2017.

Ilipotoka wengi walishangaa, kwa sababu Peele walimjua kama mchekeshaji. Alizaliwa New York mwaka 1979, akapitia MADtv, kipindi cha vichekesho cha televisheni, kisha akawa na kipindi cha Key & Peele pamoja na Keegan-Michael Key kuanzia 2012 hadi 2015. Mimi sioni ajabu yoyote hapo. Mchekeshaji hodari anajua watu wanangoja nini, na anajua awacheleweshe kwa muda gani kabla ya kuwapa au kuwanyima. Anayetaka kututisha anahitaji ujuzi huohuo.

Katika Get Out, Chris ni mpiga picha Mweusi anayekwenda kwa mara ya kwanza nyumbani kwa wazazi wa mpenzi wake Mzungu. Anaigizwa na Daniel Kaluuya, Mwingereza ambaye wazazi wake wanatoka Uganda. Hakuna anayemtukana Chris. Wanamsifu! Baba mwenye nyumba anamwambia angempa Obama kura hata kwa muhula wa tatu. Mgeni mmoja anampapasa misuli kama anayekagua ng'ombe mnadani. Hofu inazaliwa humo ndani ya ukarimu. Usiku mama mwenye nyumba, daktari wa akili, anakoroga chai taratibu, kijiko kinakwaruza kikombe, na Chris anazama gizani ndani ya nafsi yake, anauona ulimwengu kwa mbali wala hawezi kujongeza hata kidole. Macho yanamtoka, machozi yanatiririka. Sijaona filamu nyingine iliyonionyesha mtu akinyang'anywa mwili wake kwa vitu vichache namna hiyo.

Sisi wa Kiswahili tunaonywa mapema kuliko Chris: wimbo wa mwanzo, "Sikiliza Kwa Wahenga" wa Michael Abels, unaimbwa kwa lugha yetu, na ujumbe wake ni kwamba akimbie.

Uhodari wa Peele kama mwandishi unaonekana zaidi mwishoni. Katika mwisho wa awali, Chris anakamatwa na polisi na kuishia gerezani. Peele akaubadilisha. Katika filamu tuliyoiona, taa nyekundu na buluu zinamulika barabarani, Chris ananyoosha mikono juu, nasi roho zinatutoka. Kumbe anayeshuka garini ni rafiki yake Rod, mfanyakazi wa usalama wa uwanja wa ndege. Katika sekunde hizo hakuna jini wala kisu. Mtazamaji amejitisha mwenyewe, kwa yale anayoyajua kuhusu polisi wa Marekani na kijana Mweusi anayekutwa karibu na maiti. Mwisho wa kwanza ungetupa huzuni tu. Huu unatupa hofu ile yote, kisha unaturuhusu kupumua.

Peele alisema aliwahi kuacha kuiandika filamu hii mara kama 20, akidhani haitawezekana. Iligharimu dola milioni 4.5 na kuingiza zaidi ya milioni 250, na mwaka 2018 akawa Mweusi wa kwanza kushinda Oscar ya skripti asilia.

Filamu yake ya pili, Us ya 2019, naipenda kwa sababu nyingine. Skripti yake ina kasoro: karibu na mwisho maelezo yanakuwa marefu, na kadiri tunavyoelezwa ndivyo maswali yanavyozidi. Lakini Lupita Nyong'o anaigiza watu wawili, Adelaide na Red anayefanana naye, na ile sauti ya Red iliyokwama kooni haitoki masikioni. Kwamba hakuteuliwa hata kuwania Oscar ni jambo linaloniudhi hadi leo.

Filamu yake Nope ya 2022 wapo wanaoiona imepooza. Wairudie sehemu ya mtoto aliyejificha chini ya meza studioni huku sokwe akiwashambulia waigizaji, damu nyingi ikiwa nje ya picha. Na kwa anayetaka kumjua Peele, aanze na Get Out, bila kusoma chochote kuihusu zaidi ya haya niliyokwisha kuyafichua.