Mwiga tembo na kinanda chake: kwa mnaoanza nyimbo za kuchekesha

Siku yangu ya kwanza jukwaani na wimbo wa kuchekesha nilipewa pole. Ilikuwa sherehe ya kumuaga binti, Morogoro, ukumbi umefurika. Nilikuwa nimetunga wimbo kuhusu wajomba wanaotoa ahadi nono kwenye kikao cha michango, halafu simu zao hazipatikani mpaka harusi ipite. Nikauvalisha joho la kwaya: sauti nne, mimi kwenye kinanda na wenzangu watatu. Maneno yalikuwa matamu, hilo nalisema mpaka leo. Ila mwenye besi hakuwa ameishika sehemu yake, teno akaingia mapema, na mimi nikajipa moyo kwamba haya si ni vichekesho bwana, tukikosea ndiyo watacheka zaidi. Hawakucheka. Waliinamia sahani zao. Nilipokuwa nakunja waya, mama mmoja mtu mzima akanishika bega akaniambia, "Pole mwanangu. Mngepata muda wa mazoezi kidogo."

Alidhani sisi ni kwaya ya kweli iliyoharibikiwa. Sikuwa na la kumjibu, maana ndivyo tulivyokuwa.

Wadogo zangu mnaotaka kuchanganya muziki na vichekesho huwa mnaniuliza mwanzo wapi. Mimi nawapeleka mbali, Uingereza, kwa mtu ambaye wengi wenu hamjawahi kumsikia: Neil Innes. Alizaliwa mwaka 1944 huko Danbury, Essex, akafariki Desemba 2019 akiwa na miaka 75. Hakuwahi kuwa nyota wa mabango. Lakini katika kazi yake mnaweza kujifunza karibu kila kitu kuhusu ufundi huu, pamoja na mambo yanayouma.

Alisoma piano tangu akiwa na miaka 7 mpaka 14, gitaa akajifundisha mwenyewe, kisha akaenda chuo cha sanaa, Goldsmiths, London. Sanaa ya uchoraji, siyo muziki. Huko ndiko alikojiunga na kundi la wanafunzi wenye vituko, Bonzo Dog Doo-Dah Band. Walizunguka kwenye masoko ya mitumba wakinunua santuri kuukuu za miaka ya 1920 na 1930, zile nyimbo za mzaha zilizosahaulika, wakazipiga upya kwa fujo na mavazi ya ajabu. Mwaka 1966 bendi nyingine ikatoka na wimbo wenye ladha ileile ya kizamani, ukavuma Uingereza na Marekani. Mmoja wa wapiga tarumbeta wa Bonzo akahamia huko. Fikiria umelima shamba miaka mitatu, jirani anavuna kwa mwezi mmoja, tena wapita njia wanakuambia wewe ndiye unayemwiga jirani.

Bonzo hawakwenda kulia kwa mtu. Ladha haina mwenyewe. Walichofanya ni kuanza kutunga nyimbo zao wenyewe, na mzigo mkubwa wa kutunga ukawaangukia Innes na mwenzake Vivian Stanshall. Hapo ndipo kazi yake ilipoanza hasa. Kwa hiyo ukiona kijana mwingine amebeba mtindo wako huko kwenye simu za watu, usipoteze wiki nzima kumtukana. Tunga.

Mwaka 1968 bendi ikatoa wimbo wa Innes wa mtu wa anga za juu anayeishi mjini, akijisifu mstari hadi mstari. Ulifika nafasi ya 5 kwenye chati ya Uingereza na kumpa Innes tuzo ya watunzi ya Ivor Novello. Prodyuza alikuwa Paul McCartney wa Beatles, ile bendi kubwa ya Uingereza, ambaye aliandika jina la bandia kwenye santuri, Apollo C. Vermouth. Nataka mtege sikio jambo moja humo ndani. Stanshall anapiga mpira wa kumwagilia bustani. Naam, mpira wa maji, umechomekwa faneli ya plastiki, anauzungusha hewani huku anapuliza. Sauti inakwenda na kurudi kama nyuki mlevi. Lakini sikiliza kilicho chini yake: ngoma imenyooka, melodi ni nyepesi ambayo mtoto anaishika kwa kusikia mara moja, vina havichechemei. Kichekesho ni kimoja tu, na vingine vyote vimekaa sawasawa ili kile kimoja kionekane. Pale Morogoro mimi nilikuwa na mipira ya maji minne na bustani sina.

Bendi ilivunjika 1970. Nawarukisha miaka ya kati, ingawa haikuwa midogo: alifanya kazi na kundi la wachekeshaji la Monty Python, akaandika nyimbo zilizoimbwa kwenye filamu yao ya mwaka 1975 kuhusu mfalme Arthur, na ndiye yule kiongozi wa waimbaji anayemfuata shujaa mwoga akimsifu kwa uoga wake. Kinachonivutia zaidi ni ambacho hatukukisikia. Innes alikuwa ametunga muziki wa filamu nzima. Wenyewe wakaona sehemu kubwa haiwafai, wakaiweka kando, wakatumia muziki wa akiba uliokwisha kurekodiwa kwa ajili ya filamu yoyote, ule mzito wa tarumbeta na vishindo. Na ukitazama utaona walikuwa na haki: picha za mashujaa wasio na farasi zinachekesha zaidi zikisindikizwa na muziki ambao hauna habari kwamba kuna mzaha. Innes aliendelea kufanya nao kazi miaka mingi baadaye. Kazi yako itakataliwa, mdogo wangu, na siku nyingine aliyeikataa atakuwa sahihi. Uliza sababu kwa adabu, kisha rudi kesho.

Sasa niwapeleke kwenye Rutles, maana ndiko kwenye darasa lenyewe. Innes na Eric Idle, mmoja wa Monty Python, walikuwa na kipindi cha bajeti finyu BBC, miaka ya 1975 na 1976. Humo wakabuni bendi ya kubuni, hiyo Rutles, inayofanana na Beatles, na mwaka 1978 ikawa filamu nzima ya televisheni. Ilihitaji nyimbo za kila enzi ya Beatles, kuanzia zile za vijana wa suti hadi zile za ndevu na moshi. Innes akakaa kutunga, na hakuzisikiliza tena santuri za Beatles. Alitunga kwa kumbukumbu.

Jaribuni kuelewa kwa nini. Ukiuweka wimbo wa mtu mbele yako, utaishia kunakili noti. Ukiufunga na kujiuliza nini kimebaki kichwani, unabaki na tabia yake: jinsi sauti ya pili inavyoingia, jinsi kiitikio kinavyochelewa, aina ya malalamiko anayoyapenda. Beatles walikuwa na wimbo unaoanza kwa kelele ya kuomba msaada. Innes akatunga unaoanza kwa kelele ya mtu aliyeumia. Melodi ni nyingine, tabia ni ileile, na ukiusikia unacheka kabla hujajua unacheka nini. Halafu wakafanya kile ambacho sisi tunakidharau: wanamuziki walikaa kwa wiki mbili wakipiga pamoja mpaka wakawa bendi kweli, ndipo wakaingia studio. Idle, ambaye kwenye picha anaonekana akiimba, hakuimba kwenye santuri. Aliyemwimbia alikuwa Ollie Halsall, mpiga gitaa. Idle hakuona haya, kwa sababu aliyekuwa akilindwa hapo ni wimbo.

Wazee wetu walisema mwiga tembo hupasuka msamba. Huyu alimwiga tembo vizuri kabisa na hakupasuka. Tembo wenyewe hawakukasirika. George Harrison wa Beatles hata alionekana kwenye filamu akiigiza mtangazaji. Inasimuliwa kwamba mwenzake John Lennon aliipenda, akaonya tu kwamba wimbo mmoja umesogea mno karibu na wake, na ukaachwa nje ya santuri. Aliyekuja juu ni mwenye hati ya pori: kampuni ya ATV Music, iliyokuwa ikimiliki hakimiliki za nyimbo za Beatles. Ikadai. Mwisho Innes akaachia nusu ya mirabaha ya nyimbo zake 14, na majina ya Lennon na McCartney yakawekwa kando ya lake kama watunzi wenza. Alikuwa ametunga mwenyewe, kwa kichwa chake, na kosa lake lilikuwa kutunga vizuri mno.

Mambo yakageuka 1994. Oasis, bendi nyingine ya Uingereza, walitoa wimbo ambao melodi yake ilifanana na wimbo wa Innes wa 1973 kuhusu utamu wa kuwa mjinga. Mara hii yeye ndiye aliyekuwa na karatasi, na jina lake likaongezwa kwenye orodha ya watunzi.

Nami niliwahi kutunga tangazo la redio la sekunde 30, kwa makubaliano ya mdomo kwenye meza ya chai. Lilipigwa miezi minane. Nililipwa nauli. Nilipokwenda kudai niliulizwa swali moja tu, karatasi iko wapi, na chai haina karatasi. Kwa hiyo kabla ya kutuma faili kwa mtu yeyote, andika: nani katunga maneno, nani melodi, nani biti, litapigwa wapi na kwa muda gani. Uko Tanzania, kasajili kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Uko Kenya, ofisi kama hiyo ni KECOBO. Ni kazi ya kuchosha. Ifanye siku ambayo huna wimbo kichwani.

Na msidharau kazi za watoto. Tangu 1986 hadi 1994 Innes alikuwa kwenye kipindi cha midoli yenye kasoro iliyotupwa kwenye kapu la kiwandani, akikitungia muziki na kukisimulia. Mtoto hakuchekei kwa adabu. Akichoka anaondoka.

Kuhusu ule wimbo wa wajomba, sikuutupa. Niliukalia miezi mitatu. Nikabadilisha teno, nikafuta vituko vyote nilivyokuwa nimevitia kwenye kinanda, tukafanya mazoezi kila Jumamosi mpaka ukasikika kama wimbo wa ibada kabisa: polepole, macho juu, mikono imekunjwa. Kituko tulichobakiza ni kimoja, "Amina" ya mwisho, ambayo katikati yake inaingia ile sauti ya mtandao wa simu inayosema namba unayopiga haipatikani, imeimbwa kwa sauti nne. Tuliuimba harusini, Kihonda. Baada ya hapo mzee mmoja mwenye kanzu akanifuata nyuma ya spika, amenuna, akataka kujua ni nani katika ukoo aliyekuwa akinipa habari zake.