Jibu: "Melanositosisi" kwenye kadi ya mtoto

Dada, umeuliza neno "melanositosisi" kwenye kadi ya mwanao ni ugonjwa gani. Kwa kawaida si ugonjwa. Limetoka Kigiriki: "melas" ni nyeusi, "kytos" ni chombo, neno ambalo wanasayansi hulitumia kwa seli, na hiyo "-osisi" hapa inaonyesha wingi. Yaani seli zitengenezazo rangi ya ngozi zimezidi mahali fulani. Usilichanganye na "melanosisi", ambapo kilichozidi ni rangi yenyewe.

Kwa mtoto mchanga huwa ni lile baka la kibluu-kijivu kiunoni au matakoni. Seli zilibaki ndani ya ngozi badala ya kufika juu. Watoto wetu wengi huzaliwa nalo, na hufifia miaka ya mwanzo. (Wapo wanaodhani mtoto amepigwa!) Likiwa jichoni au kuzunguka jicho, hapo muone daktari wa macho.