Pac-Man: Uanze na toleo lipi?

Ndugu, kwa kuwa umeuliza kwa nini Pac-Man, mchezo wa video wa kula vidoti ndani ya mzingile huku ukiikwepa mizimu, bado unapendwa na kama uanze na mchezo wa asili au matoleo yaliyofuata, nakushauri uanze na ule wa mwaka 1980, uliobuniwa na Toru Iwatani wa kampuni ya Namco nchini Japani. Mvuto wake, kwa maoni yangu, umo katika mizimu minne isiyofanana tabia: mwekundu humfuata mchezaji moja kwa moja, wa waridi hulenga mbele yake ili amzibie njia, wa buluu huchagua pa kulenga kwa kutegemea pia nafasi ya mwekundu, na wa rangi ya chungwa hukimbiza kisha hugeuka anapokaribia. Kwa kuwa mienendo hiyo haibahatishwi, wachezaji hodari walikariri njia nzima.

Ukifika hapo, hamia Ms. Pac-Man wa 1982, ambao una mizingile minne, matunda ya alama za ziada yanayotembea na mizimu isiyotabirika kirahisi. Mimi naupenda kuliko ule wa kwanza. Pac-Man Championship Edition wa 2007, wenye mzingile unaobadilika huku muda ukihesabiwa, unaweza kusubiri.