Yule mama mwenye sindano za sumu ni Cheng Pei-pei

Mkuu, umeuliza kama yule adui mzee wa filamu ya Crouching Tiger, Hidden Dragon (2000) aliwahi kuwa staa. Aliwahi, tena mkubwa! Cheng Pei-pei alizaliwa Shanghai mwaka 1946, akajifunza baleti, kisha akaingia Shaw Brothers, kampuni ya filamu huko Hong Kong. Itafute filamu yake Come Drink with Me ya 1966, ya mwongozaji King Hu. Kavaa kiume, kakaa mezani kwenye nyumba ya wageni, majambazi wanamchokoza, naye hana papara hata kidogo. Tazama miguu yake anapopigana: baleti ile inaonekana waziwazi. Miaka ya 70 mwanzoni aliolewa akahamia Marekani, baadaye akarudi kuigiza. Alifariki Julai 2024. Kwangu mimi, hajatokea wa kumfikia.