Kwa mnaoanza kazi na jeni za histoni

Wadogo zangu mliokabidhiwa jeni ya histoni, karibuni maabara. Mkiambiwa histoni, protini ambazo DNA huzungushwa juu yake, ni protini za kawaida ambazo kila seli inazo, msidhani kazi yake ni nyepesi. Jeni ya H3C2, mojawapo ya jeni za histoni H3, ilinila karibu miezi miwili, na kosa halikuwa la mikono. Niliigusa kabla sijaijua.

Nilitoa RNA kwenye seli, nikaigeuza kuwa DNA kwa praima (kipande kifupi cha DNA cha kuanzishia nakala) ya mfululizo wa T, kama nilivyozoea kwa jeni nyingine. Jeni ya kulinganishia ikatoka safi. H3C2, karibu hakuna kitu. Nikabadilisha praima, nikabadilisha kimeng'enya, nikakuza seli upya. Mwisho fundi wa maabara ya jirani akaniuliza swali moja tu: "Kwani hiyo ina mkia?"

Haina. RNA za jeni nyingi huishia kwa mkia mrefu wa A, na praima ya T hushika hapo. RNA za kundi hili la histoni huishia kwa kikunjo kifupi chenye umbo la pini ya nywele, kinachoshikwa na protini iitwayo SLBP. Praima yangu haikuwa na pa kushika. Tumieni praima za nasibu, au ya jeni yenyewe. Na mkipewa data za RNA zilizosomwa kwingine, ulizeni kwanza kama RNA zilichujwa kwa mkia wa A. Kama ndivyo, msiandike kwamba histoni imeshuka.

Jeni hii haina introni pia (vipande vya jeni ambavyo hukatwa RNA inapokomaa), kwa hiyo masalia ya DNA kwenye sampuli yatawapa matokeo yaleyale ya RNA. Safisheni DNA, na kila mara wekeni sampuli isiyotiwa kimeng'enya cha kugeuza RNA. Hapo msimsikilize anayewaharakisha.

Angalieni na hali ya seli. Seli moja ya binadamu ina DNA ya urefu wa kama mita 2, na kila kipande cha jozi 147 za besi huzungushwa kwenye fundo la histoni 8. Seli inaponakili DNA, nakala mpya inataka histoni zake papo hapo, ndiyo maana H3C2 hufanya kazi hasa wakati huo. Seli zilizojaa sahani na kuacha kugawanyika zitawapa kidogo sana.

Tena jeni 10 hutoa protini moja, H3.1, bila kupishana hata asidi amino moja. Hakuna kingamwili itakayowaambia protini hii imetoka H3C2 na ile H3C3. Tofauti zitafuteni kwenye herufi za DNA, hasa pembezoni, nje ya sehemu inayosomwa kuwa protini. Katika makala za zamani H3C2 inaitwa HIST1H3B. Tafuteni kwa majina yote mawili.

Linaloniuma zaidi ni namba. Mwaka 2012 watafiti walionyesha kwamba aina fulani ya uvimbe mbaya wa ubongo unaowapata watoto, hasa wa shina la ubongo, mara nyingi huwa na badiliko moja kwenye histoni H3: asidi amino ya 27, laisini, inakuwa methionini, na huandikwa K27M. Lakini ripoti ya jenetiki huandika p.Lys28Met. Ni kitu kilekile. Methionini ya kwanza hukatwa protini inapotengenezwa. Watu wa histoni hawaihesabu, watu wa jenetiki wanaihesabu. Nimemwona mwanafunzi akiagiza praima za kubadilisha kodoni (herufi tatu za asidi amino moja) isiyo yake kwa sababu hiyo, na sampuli za watoto hao si za kuchezea.

Kwa hiyo kwenye daftari naandika namba zote mbili, na pembeni jina la jeni. Badiliko hilo hutokea H3C2, kwenye kromosomu ya 6, lakini hutokea mara nyingi zaidi kwenye jeni nyingine ya H3, H3-3A, iliyo kwenye kromosomu ya 1. Hiyo ina introni, na RNA yake ina mkia.