Stalin alikuwa meya wa Chennai kwanza, na alipigiwa kura na wananchi

Wapo wanaosema Stalin, mwanasiasa wa India, alipewa umeya na baba yake. Hapana, hakuteuliwa na baba yake. M. K. Stalin alichaguliwa meya wa Chennai, mji mkuu wa jimbo la Tamil Nadu, mwaka 1996 kwa kura za wananchi wenyewe, wa kwanza kupata umeya wa jiji hilo kwa njia hiyo; kabla yake madiwani ndio waliomchagua meya. Akashinda tena 2001. Kweli baba yake, Karunanidhi, ndiye aliyekuwa waziri mkuu wa Tamil Nadu 1996, na jina hilo lilimbeba sana, lakini kubebwa na kuteuliwa ni vitu viwili.

Mwaka 2002, mpinzani wao Jayalalithaa akiwa waziri mkuu wa jimbo, ikapitishwa sheria ya kumzuia mtu mmoja kuwa meya na mjumbe wa bunge la jimbo kwa pamoja. Stalin alikuwa na vyote viwili, akapoteza umeya. Baadaye akawa waziri 2006, naibu waziri mkuu wa jimbo 2009, na Mei 2021 akaapishwa kuwa waziri mkuu wa jimbo.

Nilisoma Chennai, na wazee wa pale hadi leo wakitaja umeya wake wanaanza na zile barabara za juu zilizojengwa enzi zake.

Ila usidhani utaratibu wa kumpata meya umebaki uleule. Priya Rajan, aliyeshika umeya Machi 2022 akiwa na miaka 28, mwanamke wa kwanza wa Kidalit (tabaka lililodharauliwa zaidi India) katika kiti hicho, alichaguliwa na madiwani. Wananchi walimpigia kura ya udiwani tu.