Mkimbiaji, Soma Ukiwa Bado Unakimbia

Mmarekani Tommie Smith alishinda mita 200 kwa sekunde 19.83 kwenye Olimpiki ya Mexico City tarehe 16 Oktoba 1968, akiwa bado mwanafunzi wa chuo cha San Jose State. Wengi tunakumbuka ngumi yenye glavu nyeusi aliyoinua pamoja na mwenzake John Carlos jukwaani, kupinga ubaguzi wa rangi. Baada ya hapo aliondolewa kwenye timu (medali hakunyang'anywa, ingawa maneno hayo bado yanazunguka), akahitimu mwaka 1969, kisha akafundisha na kunoa wanariadha kwenye vyuo vya Oberlin na Santa Monica hadi alipostaafu mwaka 2005. Bila shahada, asingepata darasa la kuendeleza hoja yake.

Kwa hiyo, kijana wa mbio fupi hapa Dar, usiache kidato cha sita kwa ajili ya kambi. Ili usome shahada unahitaji angalau kufaulu masomo mawili ya tahasusi yenye jumla ya pointi 4.0, kwa mfano D mbili. Kozi zenye ushindani hutaka zaidi. Ukifanya mazoezi Uwanja wa Uhuru, DUCE, chuo kikuu kishiriki cha elimu, iko hapo hapo Chang'ombe. Mwenye safari nyingi aangalie Chuo Kikuu Huria, kinachofundisha kwa masafa. Panapoharibika ni pale mashindano yanapogongana na mitihani: peleka kalenda yako kwa mratibu wa kozi mwanzoni mwa muhula, pamoja na barua ya chama cha riadha. Ruhusa ya kuomba baada ya mtihani kupita ni vigumu kuipata.

Unayeomba ufadhili nje, usifiche kwamba muda wako ulipimwa kwa saa ya kubonyeza kwa mkono. Kwa mita 100 na 200 huongezwa sekunde 0.24 ili ulinganishwe na muda wa saa ya umeme, hivyo 10.6 inasomeka 10.84. Andika na kasi ya upepo. Upepo wa nyuma ukizidi mita 2.0 kwa sekunde, muda huo hauhesabiki kwenye rekodi.

Utetezi nao una kazi yake, na hapa ndipo wengi wanakimbilia maikrofoni mapema. Kundi la akina Smith lilikuwa na madai yanayotajika: Afrika Kusini na Rhodesia (Zimbabwe ya leo) zisialikwe Olimpiki, makocha weusi waongezwe, bondia Muhammad Ali arudishiwe ubingwa. Nawe chukua jambo moja, tuseme wasichana wanaoacha riadha baada ya kidato cha nne. Omba barua ya utafiti chuoni kwako, maana bila hiyo walimu wakuu wengi hawatakufungulia daftari la mahudhurio. Kwa walio chini ya miaka 18, pata ridhaa ya mzazi kwa maandishi. Uliza nauli ya daladala, saa ya kumaliza mazoezi, mahali pa kubadilishia nguo. Kosa kubwa ni kuhoji waliobaki tu, wakati jibu wanalo walioondoka. Watafute, na uwatenge na waliohama shule.

Ukikuta tatizo ni giza, dai lako liwe mazoezi yaanze saa tisa na nusu badala ya saa kumi na moja. Liandike ukurasa mmoja, ulipeleke kwa ofisa michezo wa manispaa.